Chuo kikuu kwenye sayari ya mbali: ukijenge Mirihi, Titan, Proxima b au TRAPPIST-1e?

Mwandishi anayebuni chuo kikuu cha karne zijazo mara nyingi huanza na mandhari: kuba la kioo, jua jekundu, ngazi za chuma zinazoshuka bondeni. Kurasa chache baadaye hadithi inakwama. Mhusika amemwuliza swali profesa aliyeko Duniani na kujibiwa papo hapo, ilhali nuru yenyewe isingefika kwa muda huo. Au wanafunzi wanaamka alfajiri kwenye sayari ambayo jua lake halichomozi wala halitui.

Chuo ni watu wanaoulizana na kujibiana. Kinachoamua sura yake, kabla ya majengo na mavazi, ni muda: swali linachukua muda gani kufika, siku ina saa ngapi, safari ya kwenda huko inakula sehemu gani ya maisha ya mwanafunzi. Ndiyo maana ulinganisho huu unaanzia kwenye saa, kisha ndipo unakuja kwenye kuta.

Maeneo manne yanayolinganishwa hapa yapo kweli angani. Chuo ndicho cha kubuni. Titan si sayari bali ni mwezi wa Zohali, lakini kipenyo chake cha kilomita 5,150 kinaizidi sayari ya Utaridi, na kwenye hadithi unasimama kama sayari bila shida.

Vigezo

Ujumbe ndio kigezo cha kwanza, kwa sababu unaamua nani anatoa shahada. Jibu likirudi chini ya saa moja, chuo kinaweza kuwa tawi la chuo cha Duniani. Likirudi baada ya saa kadhaa, ni mshirika wa kuandikiana barua. Likichukua miaka, chuo kinajitegemea tangu siku ya kwanza, hata kama hati yake ya kuanzishwa inasema vingine.

Cha pili ni ratiba: urefu wa siku na mwaka, maana mihula, mitihani na usingizi vinatoka humo. Cha tatu ni mwili na majengo, yaani uvutano, hewa, joto na mionzi. Cha nne ni udahili: wanafunzi wanafikaje. Cha tano ni masomo. Kama chuo chako hakifundishi chochote kinachohitaji mahali pale, msomaji atauliza kwa nini hakikujengwa Duniani, na atakuwa na haki. Cha sita ni hitilafu. Kila mahali pana namna yake ya kuharibika, na hadithi nyingi nzuri huanzia hapo.

Mirihi

*Ujumbe.* Nuru huchukua dakika 3 hivi sayari hizi mbili zikikaribiana na dakika 22 hivi zikiwa mbali. Swali na jibu ni dakika 6 hadi 44. Mhadhara kutoka Duniani unawezekana, mjadala hauwezekani. Tena kila baada ya miezi 26 hivi Jua huingia kati, na mawasiliano na vyombo vilivyoko Mirihi husitishwa kwa takriban wiki mbili. Wiki hizo ni hazina kwa mwandishi: mgomo au uchaguzi wa serikali ya wanafunzi ukiangukia hapo, hakuna wa kuamua ila waliopo.

*Ratiba.* Siku ya Mirihi ina saa 24, dakika 39 na sekunde 35. Mwili unaizoea, lakini kikao kinachofuata saa ya Dunia kitasogea kwa dakika 40 hivi kila siku na kuzunguka mchana na usiku wote ndani ya siku 36 au 37. Mwaka una siku 668 za huko, sawa na 687 za Dunia. Miaka miwili ya Mirihi ni miaka 3 na miezi 9 ya kwetu, kipimo kizuri cha shahada ya kwanza.

Usigawe mihula kwa misimu bila kupiga hesabu. Mzingo wa Mirihi umerefuka upande mmoja, kwa hiyo kaskazini mwa sayari misimu minne ina takriban siku 194, 178, 143 na 154. Muhula wa kwanza utauzidi wa tatu kwa siku 50. Dhoruba kubwa za vumbi huja zaidi katika misimu miwili ya mwisho. Kazi za nje zipange katika ile miwili ya kwanza, mitihani na kazi za maabara zibaki ndani.

*Mwili na majengo.* Uvutano ni asilimia 38 ya ule wa Dunia. Mgandamizo wa hewa ya nje haufiki asilimia 1 ya wetu, na hapa ndipo kuba la kioo linapovunjika. Ukijaza jengo hewa ya kawaida ya Dunia, mlango wa mita 2 kwa 1 unasukumwa kuelekea nje kwa nguvu inayolingana na uzito wa tani 20 hapa Duniani. Paa nalo linataka kuruka. Kulizuia kwa uzito wa udongo peke yake, kwa uvutano ule, kunadai kina cha mita 18 hivi. Masuluhisho yapo: punguza mgandamizo wa ndani hadi nusu na uongeze sehemu ya oksijeni, jenga kwa mitungi ya duara badala ya kuta bapa, au chimba mwambani. La mwisho linatatua na mionzi pia. Chombo cha Curiosity kilipima mionzi ya takriban milisiverti 0.67 (kizio cha mionzi inayoupata mwili) kwa siku kwenye uso wa Mirihi, ilhali mtu wa Duniani hupata kutoka vyanzo vya asili wastani wa 2.4 kwa mwaka mzima.

*Udahili.* Dirisha la safari hufunguka kila miezi 26, na safari huchukua miezi 6 hadi 9. Wanafunzi wote wa mwaka wa kwanza basi hufika pamoja. Aliyechelewa anasubiri miaka miwili na zaidi.

*Masomo.* Jiolojia ya maji ya kale. Bonde la Gale, alikotua Curiosity mwaka 2012, na Jezero, alikotua Perseverance mwaka 2021, yalikuwa maziwa. Miamba ya umri huo Duniani imeharibiwa kwa sehemu kubwa. Huko bado ipo.

*Hitilafu.* Udongo una pakloreti, chumvi zenye sumu kwa tezi ya thairoidi, zilizogunduliwa na chombo cha Phoenix mwaka 2008. Bustani ya chuo haianzi mpaka udongo uoshwe. Oksijeni ni hesabu ya kila siku. Mtu mmoja hutumia kama gramu 840, kwa hiyo chuo cha watu 500 kinahitaji kilo 420 kwa siku. Kifaa cha MOXIE kilichotengeneza oksijeni kutoka hewa ya Mirihi kati ya 2021 na 2023 kilitoa jumla ya gramu 122, pumzi ya mtu mmoja kwa saa tatu na nusu. Kati ya gramu hizo na kilo 420 kuna kiwanda kizima, na kiwanda kina mafundi. Waweke kwenye hadithi. Umeme wa jua nao usiutegemee peke yake: dhoruba ya 2018 ndiyo iliyokinyamazisha chombo cha Opportunity baada ya zaidi ya miaka 14.

*Inamfaa* mwandishi anayetaka siasa za chuo na makao makuu, sheria zinazofika zimechelewa hadi dakika 22, na msomaji anayeweza kuona Dunia kama nyota kwenye anga ileile.

Titan

*Ujumbe.* Swali na jibu huchukua saa mbili na zaidi kidogo hadi saa tatu. Hakuna maongezi, kuna barua, na barua zinaweza kuandikwa vizuri. Msimamizi wa tasnifu aliyeko Duniani anafaa kabisa, mradi wote wawili wajifunze kuuliza maswali yote kwa mara moja.

*Ratiba.* Siku moja ni karibu siku 16 za Dunia, nusu yake mwanga na nusu giza, ingawa mchana wenyewe ni kama machweo: ukungu mzito na umbali kutoka Jua huacha takriban sehemu moja ya elfu ya mwanga wa Duniani. Saa ya kengele ya saa 24 ndiyo itakayotawala. Misimu ni jambo jingine. Zohali hulizunguka Jua kwa miaka 29 na nusu, hivyo kila msimu unapita miaka saba. Mwanafunzi wa shahada ya miaka minne anaweza kuingia na kuhitimu bila msimu kubadilika, na mhadhiri mmoja ataona mwaka mmoja tu katika ajira yake yote.

*Mwili na majengo.* Hapa kila kitu cha Mirihi kinapinduka. Mgandamizo wa hewa ni takriban mara moja na nusu ya wetu, kwa hiyo kuta hazisukumwi na tundu dogo halileti mlipuko. Mtu nje hahitaji vazi la mgandamizo. Anahitaji barakoa ya oksijeni na joto, maana nje ni nyuzi 179 chini ya sifuri. Hewa nzito pia inazuia mionzi. Uvutano ni asilimia 14, na pamoja na hewa ile nzito mtu angeweza kufunga mabawa mikononi na kuruka kwa misuli yake mwenyewe. Matone ya mvua ya methani hushuka polepole kama theluji, takriban mita 1.6 kwa sekunde yale makubwa.

Vifaa vichaguliwe kwa uangalifu. Mpira wa kawaida kwenye baridi ile huvunjika kama kioo, na chuma cha kawaida nacho huwa dhaifu. Tumia alumini au chuma kisichoshika kutu. Jengo lazima lisimame juu ya nguzo zisizopitisha joto. Ardhi ni barafu ngumu kama mwamba yenye unyevu wa methani, na joto la bweni litaitokosa methani hiyo chini ya sakafu. Kile chombo cha Huygens, kilichotua tarehe 14 Januari 2005, kilipasha ardhi kidogo tu na methani ikaanza kutoka.

*Udahili.* Safari ni ya miaka kadhaa. Wanaofaa ni wanafunzi wa uzamivu na watafiti. Kijana wa miaka 18 atafika akiwa mtu mwingine.

*Masomo.* Kemia ya kaboni, kwa sababu anga nzima ni maabara yake, na elimu ya bahari zisizo za maji: Kraken Mare na Ligeia Mare ni methani na ethani.

*Hitilafu.* Waandishi wengi huogopa moto nje. Nje hauwaki, maana hakuna oksijeni. Hatari iko mlangoni. Methani hushika moto ikiwa kati ya asilimia 5 na 15 ya hewa yenye oksijeni. Hewa ya nje ikivuja tu haifikishi kiwango hicho kwa urahisi, kwa kuwa sehemu yake kubwa ni nitrojeni. Kinachofikisha ni methani ya kimiminika inayoingia na viatu na vifaa, ambayo huchemka ikipita nyuzi 161 chini ya sifuri na kutanuka mara mia kadhaa. Chumba cha kuingilia basi hufuata hatua hizi: kinajazwa nitrojeni tupu, vifaa vinapashwa joto, gesi inafukuzwa nje, kipimo kinasomwa, ndipo oksijeni inafunguliwa. Mwenye haraka anayeruka hatua ya kipimo ndiye chanzo cha sura yako ya kumi.

*Inamfaa* mwandishi wa upweke, ugunduzi na kazi ya mikono ya maabara. Pia anayeandikia vijana, kwa ajili ya kuruka tu.

Proxima b

*Ujumbe.* Umbali ni miaka ya nuru 4.24, yaani nuru yenyewe huchukua zaidi ya miaka minne kufika. Jibu linarudi baada ya miaka minane na nusu, wakati aliyeuliza ameshahitimu. Hakuna mtahini wa nje anayewezekana. Chuo kinabeba maktaba nzima wakati wa kuondoka, na kila kinachofika baadaye ni habari ya miaka minne iliyopita.

*Ratiba.* Sayari hii, iliyotangazwa Agosti 2016, huizunguka nyota yake kwa siku 11.2. Mwenye miaka 20 ya Dunia ana zaidi ya miaka 650 ya huko, kwa hiyo achana na mwaka kama kipimo cha umri. Ukaribu wake na nyota hufanya iwe rahisi upande mmoja kuielekea nyota daima. Ukichukua njia hiyo, hakuna mapambazuko, na sayari nzima inatumia saa moja kwa kuwa hakuna mahali jua linapotangulia. Ukitaka machweo, ipo njia nyingine yenye mashiko: sayari ijizungushe mara tatu kila inapozunguka nyota mara mbili, kama Utaridi. Hapo mchana na usiku pamoja ni siku 22.4. Chagua moja mapema, maana kila sura itaitegemea.

*Mwili na majengo.* Uzito wake ni angalau kama ule wa Dunia, na kama ni ya miamba uvutano unakaribia wetu. Angahewa haijathibitishwa, hivyo una uhuru wa kuiweka au kuiondoa. Nyota inaonekana pana mara tatu kuliko Jua letu, na nuru yake nyingi ni ya infraredi, isiyoonekana kwa macho. Mimea ya Dunia itahitaji taa.

Tatizo kuu ni milipuko ya nyota. Mei 2019 nyota hiyo, Proxima, ilionekana kung'aa kwa ghafla mara 14,000 katika urujuanimno ndani ya sekunde chache. Hakuna king'ora kinachoweza kutangulia nuru: ukiona, imeshafika. Chembe za kasi kubwa hufuata ndani ya dakika, na wingu zito la plazma (gesi yenye chaji ya umeme), likienda kilomita 1,000 hadi 2,000 kwa sekunde, hufika baada ya saa moja hadi mbili. Kwenye sayari isiyogeuka kivuli cha mlima hakihami kamwe. Jenga mabweni na madarasa ndani ya kivuli hicho na mashamba nje yake, chini ya paa. Anayefanya kazi mwangani awe na njia ya kurudi kivulini isiyozidi dakika chache kwa miguu.

*Udahili.* Kwa kasi ya chombo cha Voyager 1, kilomita 17 kwa sekunde, umbali huo ungechukua takriban miaka 75,000. Kwa moja ya tano ya kasi ya nuru ni miaka 21. Wanafunzi basi wamezaliwa njiani au huko huko, na walimu wa kwanza wanafundisha kuhusu Dunia watu wasioijua.

*Masomo.* Fizikia ya nyota, ikitazamwa kutoka kilomita milioni 7 na laki 3. Na historia: Jua letu linaonekana huko kama nyota ya kawaida katika kundinyota la Mke wa Kurusi, lile lenye umbo la herufi W.

*Hitilafu.* Mbali na milipuko, maarifa yenyewe huachana. Istilahi za pande mbili zinaanza kutofautiana, na shahada ya huko inahitaji tafsiri ikifika Duniani.

*Inamfaa* anayeandika juu ya uhalali: nani anasema huyu amesoma, kizazi cha kwanza kinarithisha nini.

TRAPPIST-1e

*Ujumbe.* Takriban miaka ya nuru 41, kwa hiyo jibu ni la wajukuu. Kosa lililomo kwenye maktaba mliyobeba litasahihishwa kutoka Duniani baada ya miaka 81. Lakini jirani wapo. Mfumo huu una sayari saba zilizobanana, zinazoitwa kwa herufi b hadi h, na d ikiwa karibu kabisa ujumbe unafika kwa sekunde 3 na nusu. Ikiwa upande wa pili wa nyota, sekunde 26. Kwa f ni kati ya sekunde 5 na 34 hivi. Hapa peke yake, kati ya maeneo manne, unaweza kuwa na chuo cha kampasi tatu kwenye sayari tatu.

*Ratiba.* Mwaka ni siku 6.1, karibu sana na wiki. Mizunguko ya d, e na f imefungamana: d huikaribia e kila siku 12, f kila siku 18, na mpangilio wote hujirudia takriban kila siku 36. Hiyo ndiyo kalenda ya masomo. Kubadilishana wanafunzi na mitihani ya pamoja huwekwa siku za kukaribiana, ambapo sayari jirani inaonekana angani kwa ukubwa kama wa Mwezi wetu.

*Mwili na majengo.* Uvutano ni kama asilimia 82 ya wetu, mwanga unaopokelewa ni theluthi mbili hivi, na nyota inaonekana pana mara nne kuliko Jua. Yaliyosemwa kuhusu kivuli na milipuko kwa Proxima b yanafaa hapa pia.

*Udahili.* Kwa moja ya tano ya kasi ya nuru ni zaidi ya miaka 200. Hakuna anayefika, kuna wanaozaliwa.

*Masomo.* Mekanika ya mizingo na ulinganisho wa sayari. Darubini ya James Webb ilionyesha mwaka 2023 kwamba sayari b haina angahewa nzito; wanafunzi wa e wanaweza kwenda kuuliza kwa nini.

*Hitilafu.* Maji. Upande wa usiku unaweza kuyanasa yote kama barafu, na chuo cha upande wa mchana kikategemea misafara ya kuyafuata gizani.

*Inamfaa* mwandishi wa riwaya ndefu au mchezo wa kompyuta wenye vyuo vinavyoshindana.

Uchague kwa hali gani

Hadithi fupi, isiyo na nafasi ya kueleza mengi, inaenda vizuri zaidi Mirihi, kwa sababu msomaji anakuja na nusu ya maarifa tayari. Kama mhusika wako mkuu lazima awasiliane na mama yake aliyeko Duniani, umebaki na Mirihi au Titan tu. Nyota nyingine zinakunyima mama huyo, na usijaribu kumrudisha kwa kifaa cha miujiza bila kubadili kila kitu kingine. Kama mgogoro ni kati ya chuo na mazingira, Titan unakupa hatua za kufuata na hatua za kukosea. Kama ni kati ya chuo na asili yake, nenda Proxima b. Ukitaka majirani, mashindano na safari za mara kwa mara, TRAPPIST-1e, lakini uwe tayari kuchora kalenda kabla ya kuandika sentensi ya kwanza.

Ukibaki kati ya mawili, fanya jaribio hili. Andika ombi la ukurasa mmoja la mwanafunzi anayetaka kubadili mada ya tasnifu yake, kisha liandike upya kwa kila eneo: linapelekwa kwa nani, linajibiwa lini, na mwombaji anafanya nini wakati anasubiri. Lile linalokuletea ukurasa wa pili bila kulazimisha, lijengee ukuta.